Rehani ya Miaka Isiyofika

Rehani ni neno fupi, na pengine kwa sababu ya ufupi wake watu hulitamka bila kulitafakari. Asili yake ni Kiarabu, na maana yake ni kitu kinachoshikwa mpaka deni lilipwe. Awekaye rehani haachi kuwa mwenye mali. Yu mwenye mali ambayo mkono wa mtu mwingine umeikamata. Mtu akiweka rehani pete yake, pete hufungiwa sandukuni, naye huenda zake na kidole kitupu. Lakini mtu akiweka rehani nyumba aliyoipata kwa fedha za mkopo, nyumba haifungwi. Mwenyewe huingia ndani, hulala, hupokea wageni na kuwaonyesha vyumba. Basi kilichofungwa ni kitu gani? Jibu la haraka ni kwamba imefungwa nyumba. Mimi nadhani kuwa kilichofungwa ni miaka ya mtu ambayo haijafika, na tukitazama vizuri tutaona kuwa si miaka yake peke yake.

Nimependa kulichungua jambo hili kutoka Sapiwi, kata iliyo katika wilaya ya Bariadi, mkoa wa Simiyu, wala si kutoka Dar es Salaam ambako mikopo mingi ya nyumba hutolewa. Mgeni huonekana vizuri zaidi anapokuwa bado mlangoni. Mjini deni la nyumba limekwisha kuwa mwenyeji, na hapana amtazamaye. Usukumani lingali mgeni, na watu bado humwuliza atokako na siku atakazokaa.

Katika nchi yetu mgeni huyu amekuja mara mbili. Mara ya kwanza alikuja pamoja na Benki ya Nyumba Tanzania, iliyoanza kazi mwaka 1973 ikafungwa mwaka 1995, ikiwa imelemewa na mikopo isiyorudi. Mara ya pili alikuja baada ya Bunge kutunga sheria ya mikopo ya nyumba mwaka 2008, na baada ya kuundwa, mwaka 2010, kampuni ya kuyapatia mabenki fedha za muda mrefu kwa kazi hiyo. Riba ambayo taarifa za Benki Kuu zimekuwa zikiitaja kuwa ya kawaida ni kati ya 15 na 19 kwa mia kwa mwaka. Katika Sapiwi penyewe mkopo wa namna hii ni mgumu kupatikana, maana ardhi ni ya kijiji, na mtu huishika kwa haki miliki ya kimila chini ya Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999. Benki hupenda zaidi kiwanja kilichopimwa mjini. Basi mtu wa Sapiwi mwenye mshahara, akitaka nyumba ya mkopo, hutazama Bariadi mjini.

Mmoja wa watu hao ni mwalimu niliyepata kumfundisha lugha, ambaye sasa anafundisha huko. Alinionyesha karatasi ya malipo aliyopewa na benki moja. Fedha alizoomba zilikuwa shilingi 20,000,000, riba 18 kwa mia kwa mwaka, muda miaka 15. Kila mwezi angekatwa shilingi 322,084. Hesabu hii mtu aweza kuistahimili, na ndiyo iliyoandikwa kwa tarakimu kubwa. Tuifungue tuone kilichomo ndani. Katika mwezi wa kwanza, shilingi 300,000 ni riba, na shilingi 22,084 tu ndizo zinazopunguza deni. Baada ya miaka 5 atakuwa amekwisha kutoa shilingi 19,325,040, yaani karibu fedha zote alizokopa. Na akiuliza kumebaki kiasi gani, ataambiwa kuwa kumebaki shilingi 17,875,000 hivi. Nusu ya deni haitakwisha mpaka miaka 11 na nusu ipite. Siku ya mwisho atakuwa ametoa jumla ya shilingi 57,975,000. Nyumba moja imelipiwa karibu mara tatu.

Hapana udanganyifu katika hesabu hii, na ni vibaya kumsingizia mwenye benki wizi asioufanya. Riba hutozwa juu ya deni lililobaki, na mwanzoni deni karibu lote limebaki. Kwa hiyo miaka ya kwanza huliwa na riba, na mkopaji huanza kununua nyumba yake kwa kweli wakati nguvu zake zimeanza kupungua. Mwalimu alipolalamika kuwa makato ni mazito, aliambiwa kwa upole kuwa yaweza kupunguzwa, muda ukiongezwa uwe miaka 20. Makato yangeshuka kwa shilingi 13,422 kwa mwezi, ambazo hazizidi sana bei ya kilo moja ya nyama. Jumla ingepanda kwa zaidi ya shilingi 16,000,000. Sijapata kuona mfano ulio wazi kuliko huu wa jinsi wema unavyoweza kuwa ghali.

Sapiwi ni nchi ya pamba, na pamba husema wazi kuliko fedha. Mwaka 2019 Serikali ilitangaza bei ya shilingi 1,200 kwa kilo, msimu ambao wanunuzi walisitasita kuitoa kwa kuwa bei ya dunia ilikuwa imeanguka. Kwa bei hiyo, makato ya mwezi mmoja ni kilo 268 za pamba, ambazo ni karibu mavuno ya ekari moja ya mkulima mdogo katika mwaka usio na balaa. Ekari moja kila mwezi, ekari kumi na mbili kila mwaka, kwa miaka 15. Na pamba huvunwa mara moja tu kwa mwaka. Wazazi wa mwalimu huyu walimsomesha kwa ekari tatu.

Yafaa tuutendee haki upande wa pili. Watetezi wa mkopo husema kuwa shilingi ya mwaka wa kumi na tano si shilingi ya leo, nao wasema kweli. Tuseme bei za vitu zinapanda kwa 4 kwa mia kila mwaka, kama zilivyokuwa zikipanda kwa kukadiria katika miaka hii ya karibu. Makato ya mwezi wa mwisho yatakuwa na nguvu ya shilingi 179,000 hivi za leo. Tukiyapima makato yote kwa kipimo hicho, jumla yake hushuka mpaka karibu shilingi 43,750,000. Ni nafuu, lakini ingali zaidi ya maradufu ya fedha zilizokopwa. Husema tena kuwa mkopaji huokoa kodi ya nyumba, na kuwa kiwanja hupanda thamani. Haya nayo ni kweli, ingawa kiwanja hupanda thamani kwa faida ya mtu auzaye, na mtu haijengi nyumba ya watoto wake ili aiuze. Hoja iliyo na nguvu kupita zote ni ile ambayo haina tarakimu: kwamba watoto hawasubiri. Mtoto aliye na miaka sita leo atakuwa ameondoka nyumbani kabla baba hajamaliza kujenga kwa akiba. Hoja hii siwezi kuivunja, wala sitaki.

Njia ya kawaida katika vijiji vya huko ni kujenga kidogo kidogo. Pamba ikiuzwa, tofali hufyatuliwa na kuchomwa; mwaka wa pili msingi; mwaka wa tatu kuta; kisha huja mwaka wa ukame, na kuta husimama peke yake, mbuzi wakipumzika ndani. Mgeni apitaye njiani huziona nyumba hizi zisizo na paa akadhani ni uvivu, kumbe ni daftari la akiba lililoandikwa kwa udongo, na kila mtu aweza kulisoma. Njia hii ina gharama zake pia, na wanaoisifu mno husahau kuzitaja. Mvua hula kuta. Saruji iliyokuwa rahisi mwaka jana ni ghali mwaka huu. Mabati yaliyohifadhiwa huibwa. Na wako wazee waliokufa katika msonge huku nyumba ya bati ikiwangojea. Usukumani, zaidi ya hayo, watu wana sababu ya kale ya kutoiamini nyumba. Mali ilikuwa ng'ombe, nayo iliweza kuswagwa kufuata majani. Mwaka 1974, Operesheni Vijiji ilipofika katika mkoa wa Shinyanga, ambao Bariadi ilikuwa sehemu yake mpaka mkoa wa Simiyu ulipozaliwa mwaka 2012, watu wengi waliziacha nyumba walizozijenga kwa mikono yao wakahamia walikoelekezwa. Aliyekuwa na ng'ombe alihama na mali yake.

Nilimwuliza mwalimu kwa nini asingoje. Hesabu yake ni nyepesi. Kama angeziweka pembeni hizo shilingi 322,084 kila mwezi, angezipata shilingi 20,000,000 kwa miaka 5 na miezi michache. Hata kama gharama za ujenzi zingepanda kwa 5 kwa mia kila mwaka, na akiba yake isizae hata senti moja, angemaliza kwa miaka 7 na nusu, yaani nusu ya muda wa deni. Kodi ya chumba anachokaa sasa ni ndogo, wala haibadili hesabu sana. Mtu aliyesoma aonaje njia hizi mbili, akachagua ile iliyo ndefu?

Jibu lake ndilo lililonifanya niandike maneno haya. "Mwalimu," aliniambia, "fedha ikiwa mkononi mwangu, kila mwenye shida ana ufunguo wake. Ikikatwa juu kwa juu, nasema nakatwa, na hapana anayeninunia."

Nakatwa. Sisi wanafunzi wa lugha twajua kuwa kauli ya kutendwa huweza kumficha mtenda. Aliyekata ni nani? Ni benki, kwa mkono wa mwajiri. Lakini aliyetia sahihi ili akatwe ni yeye yule asemaye nakatwa, na alitia sahihi, kwa sehemu, ili apate kulisema neno hilo. Hapa ndipo gharama na faida ya rehani zinapokutana katika kitu kimoja. Anunuacho mwalimu kwa shilingi 37,975,000 za riba si nyumba peke yake, maana nyumba angeipata kwa kungoja. Ananunua ukuta baina ya mshahara wake na jamaa zake. Anamweka benki mbele ya foleni ya wote wenye kumdai kwa haki ya damu, na kumpa amri kwamba asitoke mahali hapo kwa miaka 15, kuwe na njaa au shibe.

Wako watakaosema kuwa hilo ni jema. Jamaa nao wana dhuluma yao. Yuko mjomba anayeuza pamba akanywa fedha zote, kisha akaja kwa mpwa wake kuomba mahindi. Nakubali. Lakini deni halichagui. Mkato ulio sawasawa kila mwezi humfungia mlango mlevi na mgonjwa kwa kitasa kimoja. Mtu mwenye akiba humsikiliza kila ajaye, akampima, akampa au akamnyima, na uamuzi huo ni sehemu ya utu wake, ingawa humchosha. Mtu mwenye deni ameuza uamuzi huo mapema, kabla hajajua atakayekuja ni nani. Huenda katika mwaka wa nne atakuja mdogo wake aliyefaulu mtihani asiye na ada. Huenda katika mwaka wa tisa atakuja mama mwenye jicho la kupasuliwa. Hawa hawakuwamo katika karatasi ya malipo, hawakuulizwa, wala hawakutia sahihi. Hata hivyo sehemu ya shilingi 322,084 ni yao, na wao ndio watakaoilipa kwa kukosa.

Tena kusaidia jamaa si sadaka tupu, na wale wanaoiita mzigo hawajaifikiri mpaka mwisho. Ni akiba ya namna nyingine, iliyowekwa kwa watu badala ya kitabu. Mtu husomesha mdogo wake, na mdogo huyo siku moja husomesha mtoto wa kaka. Asemaye nakatwa kwa miaka 15 hujitoa polepole katika chama hicho bila kutoa taarifa, na hujua kuwa amejitoa siku anapohitaji. Sikatai kuwa benki nayo ina ulinzi wake: mikopo mingi ya namna hii huambatana na bima ya maisha, kwa hiyo mkopaji akifa deni hukoma na wajane hubaki na nyumba. Ulinzi huo humfaa aliyekufa. Aliye hai lakini akapunguziwa kazi, au akaugua mwaka mzima, hubaki na tarehe yake ya malipo.

Linganisha na mkopo wa kale wa wafugaji. Desturi ya wafugaji wengi wa Afrika ya Mashariki ni mwenye ng'ombe wengi kumpa mwenzake baadhi yao awachunge. Mchungaji hunywa maziwa, hutumia samadi, na baada ya muda hupata ndama. Ng'ombe akifa kwa maradhi, huleta ngozi kwa mwenyewe, na neno limekwisha. Mkopo huu nao una faida kwa mkopeshaji, tena faida kubwa: hueneza mifugo yake mahali pengi, na hupata watu wa kumsimamia. Lakini balaa likija huwaangukia wote wawili. Katika rehani ya nyumba, ukuta ukipasuka, au bei ya viwanja ikianguka, hapana ngozi ya kupeleka.

Wala mambo haya hayakuanza na mabenki ya leo. Watu wa pwani wameyajua kwa muda mrefu. Unguja, katika karne ya kumi na tisa, mwenye shamba alipotaka fedha aliweza kuliuza kwa bei ya khiyari, yaani kwa haki ya kulikomboa katika muda uliopatanwa, huku akiendelea kulikaa na kulilipia kodi. Alichokuwa akinunua hasa ni muda. Karafuu ilipoanguka bei, muda ulikwisha na mashamba yakawa ya wakopeshaji. Na kufikia mwaka 1934 Serikali ya ukoloni ililazimika kutunga amri za kuzuia mashamba yasihamie mikononi mwao. Kati ya karafuu ya Unguja na pamba ya Simiyu iko bahari na nchi nzima, lakini kosa ni lile lile: deni lina tarehe isiyobadilika, na zao lina bei ibadilikayo.

Je, basi ni haramu mtu kuweka rehani miaka yake isiyofika? Wako wasemao hivyo kwa dini, na kwao riba imekatazwa, neno limekwisha. Sitaki kuingia katika fikihi, lakini liko jambo moja katika njia yao ambalo hata asiye wa dini yao aweza kujifunza. Benki ya Amana, iliyofunguliwa mwaka 2011 kwa kufuata sharia, hutumia mauzo ya murabaha, ambamo benki hununua kitu na kumwuzia mteja kwa bei iliyoongezwa. Huenda faida ya benki isiwe ndogo. Lakini bei hutajwa nzima, tangu siku ya kwanza, na mteja hujua kuwa ananunua kitu cha kiasi fulani. Mkopo wa riba husemwa kwa vipande, kwa mwezi, na aliyezoea kusikia kipande husahau kuuliza uzima. Kanuni za Benki Kuu za mwaka 2019 za kuwalinda watumiaji wa huduma za fedha zataka mkopaji aelezwe gharama zote, na ni kanuni njema. Lakini kueleza si kuandika katika ukurasa wa saba. Ningependa jumla itamkwe kwa mdomo, kwa Kiswahili, mkopaji akiwa amekaa na mwenzake, kabla kalamu haijaletwa.

Nasema na mwenzake kwa sababu sheria yetu imekwisha kufungua mlango huo. Tangu Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, mume hawezi kuweka rehani nyumba ya ndoa bila ridhaa ya mkewe, wala mke bila ridhaa ya mume. Aliyeitunga alitambua kuwa nyumba haiwekwi rehani na mtu mmoja, hata kama jina katika hati ni moja. Sheria haiwezi kwenda mbali zaidi, ikataka sahihi ya mama, na ndugu, na wapwa. Nchi isingekopa hata jembe. Lakini pale sheria inapokoma, wajibu haukomi. Mtu aweza kuwaita jamaa zake akawaambia: kwa miaka kadha wa kadha nitakuwa mfupi wa mkono, na sababu ni hii. Huko si kuomba ruhusa. Ni kukataa kujificha nyuma ya kauli ya kutendwa. Watakaonuna watanuna siku ile ile, mbele yake, wakiwa wanajua wanachonunia.

Mwalimu wangu alifanya hivyo, baada ya kusitasita sana. Mkewe, mama yake na ndugu zake wawili walikaa naye jioni moja na karatasi ile ya benki. Mkewe ndiye aliyeisoma jumla kwa sauti. Mama aliuliza kama benki hupunguza mwaka pamba ikiharibika, akaambiwa kuwa haipunguzi. Akauliza tena kama alivyosikia ndivyo. Hawakumkataza. Mwezi uliofuata alikopa shilingi 8,000,000 kwa riba ile ile, kwa miaka 4, ambazo makato yake ni shilingi 235,000 kwa mwezi, na jumla shilingi 11,280,000. Zimetosha kiwanja, msingi, na vyumba viwili vya nyuma ambamo sasa wanakaa. Vyumba vya mbele vina kuta lakini havina paa. Mdogo wake amemwandikia kuuliza kama aweza kumtegemea kwa ada ya mwaka ujao, na nilipozungumza naye mara ya mwisho alikuwa hajamjibu.